Baba wa ubatizo avae nini, na wanawe, na mtoto mwenyewe?

SWALI: Shikamoo fundi. Shemeji yangu, kaka wa mke wangu, ameniomba niwe baba wa ubatizo wa mwanawe wa kiume, ambaye siku hiyo atakuwa na miezi saba. Ubatizo ni siku ya pili ya Krismasi, Kibosho, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, katika kanisa Katoliki, na baada ya Misa sherehe ni nyumbani kwa babu yake. Sisi tunaishi Dodoma. Nina suti nyeusi niliyofungia ndoa miaka kumi na mbili iliyopita. Mke wangu anataka mimi na wanetu wawili, wa miaka 11 na 4, tushone kitenge sare. Shemeji ameniachia pia kazi ya kumvalisha mtoto, nami nimeona suti ndogo za vipande vitatu madukani. Mama mkwe anasema mtoto avae gauni, na mimi naona gauni ni la watoto wa kike. Tena baba yangu mdogo ni Mwislamu, naye atakuwepo. Tuvaeje?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu, na hongera kwa heshima uliyopewa. Nimeshona nguo za kiume hapa Moshi mjini kwa miaka 27, na mwenyewe nimesimamia ubatizo wa watoto wanne. Nitakujibu kama fundi na kama mtu aliyewahi kusimama pale mbele na mtoto mkononi.

Wanaume wengi wanaokuja kwangu kwa ajili ya ubatizo huanza na rangi. Mimi huwauliza kwanza: siku hiyo mikono yako itafanya kazi gani? Harusini mwanamume husimama na kutazamwa. Kwenye ubatizo ana kazi, na kazi yenyewe ina maji, mafuta, moto na mtoto mchanga anayelala begani mwako huku uso wake umebanwa kwenye nguo yako. Nguo isiyoiweza kazi hiyo haifai, hata ikiwa imeshonwa na fundi bora nchini.

Fuatana nami hatua kwa hatua, maana nguo yote inatoka hapo. Mwanzoni padre anamwekea mtoto alama ya msalaba katika paji la uso, kisha wazazi na wasimamizi, yaani baba na mama wa ubatizo, nao wanafanya hivyo. Basi mkono wako utagusa uso wa mtoto wa miezi saba: kata kucha, na ile pete kubwa yenye jiwe iache nyumbani, pete ya ndoa inatosha. Baadaye mtoto hupakwa mafuta ya wakatekumeni, yaani ya wanaojiandaa kubatizwa, kifuani. Sikia vizuri neno hilo, kifuani, kwa sababu ndilo litakalotuamulia habari ya suti ndogo. Halafu maji humwagwa kichwani mara tatu, nayo hayatulii kichwani: yanapita shingoni, yanaingia mgongoni, na mengine yanaishia kwenye mkono wa shati la aliyembeba. Kisha krisma, mafuta matakatifu yenye manukato, utosini. Kisha vazi jeupe. Mwisho baba wa mtoto au msimamizi anawasha mshumaa wa mtoto kutoka kwenye mshumaa wa Pasaka, na mara nyingi unabaki nao mkononi mpaka mambo yaishe. Siku ya pili ya Krismasi watoto huwa wengi, familia zote zimerudi nyumbani kutoka Dar, Arusha na Nairobi, kwa hiyo tarajia foleni ndefu na mshumaa unaochuruzika.

Tuanze na mtoto, kwa sababu siku ni yake na kwa sababu hapo ndipo naona makosa makubwa zaidi.

Suti ya vipande vitatu ya mtoto wa miezi saba usinunue. Naelewa inavyovutia ikiwa imetundikwa dukani, koti dogo, kizibao kidogo na tai ya kipepeo. Lakini niliwahi kuwa kanisani siku mtoto aliyevalishwa hivyo alipofikishwa mbele kupakwa mafuta. Padre alisubiri. Mama akaanza kufungua koti, akakuta kizibao. Akafungua kizibao, akakuta shati lililofungwa mpaka kooni, na chini yake fulana ya kuvalia kichwani. Mtoto alilia mpaka akapoteza pumzi, mama naye machozi yakamlengalenga mbele ya kanisa zima. Kifungo kimoja kilikatika na kuviringika chini ya madhabahu. Yule mama hakustahili aibu ile. Nguo ndiyo iliyokuwa na kosa, maana aliyeitengeneza hakujua inakwenda kufanya nini.

Tena suti nyingi za namna hiyo bitana yake ni ya nailoni. Joto la mtoto linakwama ndani, jasho linamchoma shingoni, na wewe unadhani analia njaa.

Sasa gauni. Mama mkwe wako yuko sahihi, na nakuomba umwambie hivyo. Vazi la ubatizo halina upande wa kike wala wa kiume. Wakristo wa zamani waliobatizwa usiku wa Pasaka, wanaume kwa wanawake, walivikwa nguo nyeupe na wakakaa nazo wiki nzima. Ndiyo maana Jumapili inayofuata Pasaka iliitwa kwa Kilatini Jumapili ya mavazi meupe. Paulo anawaandikia Wagalatia, sura ya 3 aya ya 27: "Maana ninyi nyote mliobatizwa katika Kristo mmemvaa Kristo." Nguo ile nyeupe ni neno hilo limefanywa kitambaa. Hata huko Uingereza, familia ya kifalme ilikuwa na gauni moja la lesi lililoshonwa mwaka 1841 kwa ajili ya binti wa kwanza wa Malkia Victoria. Lilivaliwa na wavulana na wasichana sawasawa kwa zaidi ya miaka 160, wafalme watarajiwa wakiwamo, hadi mwaka 2004 lilipostaafishwa kwa uchakavu na kutengenezewa nakala. Mwana wa mfalme akivaa gauni siku ya ubatizo, mwana wa shemeji yako naye hapungukiwi na kitu.

Kama neno gauni bado linakukwaza, liite kanzu ndogo. Ukweli ni kwamba ndivyo ninavyoishona: kanzu nyeupe ya pamba, mikono iliyonyooka, isiyo na marinda wala lesi. Lesi shingoni humkwaruza mtoto, na maji yakiiloanisha inakuwa kama msasa. Mpe fundi wako maelezo haya. Kitambaa kiwe poplini ya pamba tupu au bafta nzito kidogo, mita moja na nusu inakutosha na kubaki. Kifuliwe kabla ya kukatwa, kisije kikanywea baadaye. Urefu kutoka begani uwe sentimita 60 hivi ili nguo ifunike miguu. Kifua chake pima, lakini mtoto wa umri huo mara nyingi ana sentimita 44 au 45, kwa hiyo nguo iishie kwenye 55 ili iteleze kirahisi juu ya fulana. Ifunguke mbele kuanzia shingoni mpaka kitovuni, na ifungwe kwa vikamba vya kitambaa kilekile. Pini hapana, shanga za gundi hapana, wanga wa kukaushia hapana. Kola isiwepo. Fulana ya ndani nayo iwe ya kufunguka mbele, jambo ambalo watu husahau mara nyingi: wanashona vazi la nje vizuri, halafu ndani mtoto ana fulana ya kuvalia kichwani.

Kuna swali dogo la mpangilio. Kwa taratibu za ibada, vazi jeupe mtoto anavikwa baada ya kubatizwa, kwa sababu ndipo amekuwa kiumbe kipya. Familia nyingi humleta akiwa amevaa nyeupe tayari, na padre anamwekea juu kitambaa kidogo cheupe chenye msalaba. Hakuna atakayewafukuza. Ila mimi napenda zaidi mtoto aje na nguo ya kawaida safi, ya rangi ya maziwa au samawati hafifu, akapokee maji nayo, kisha wewe na mama wa ubatizo mumvike ile kanzu nyeupe pale pale ikiwa kavu. Inachukua nusu dakika ikiwa nguo imeshonwa nilivyoeleza. Ndugu wote wanaona mtoto anavikwa, na mtoto hashindi na nguo mbichi mgongoni. Kamuulizeni katekista mapema jinsi parokia yao inavyofanya, hasa kama watoto ni wengi.

Kofia na riboni za kichwani ziachwe nje, kichwa ndicho kinachokwenda kufanyiwa kazi. Wewe beba taulo dogo la pamba.

Tuje kwako. Suti nyeusi ya ndoa ivae, hakuna sababu ya kununua nyingine. Nyeusi si rangi ya msiba peke yake. Inakuwa ya msiba ukiiunganisha na tai nyeusi na shati la kijivu. Weka shati jeupe au samawati na tai yenye rangi ya furaha, yaani buluu, kijani au zambarau iliyopoa, nayo inageuka ya sherehe. Lakini miaka kumi na mbili ni mingi kwa kiuno cha mwanamume. Ijaribu leo, usingoje wiki ya Krismasi. Ivae, kaa kwenye kiti kifupi, kisha inuka ukiwa umebeba mto wa kitandani kama mtoto. Ukisikia koti linavuta mgongoni kati ya mabega, au mikono inapanda mpaka karibu na kiwiko, huwezi kubeba mtoto nayo kwa saa mbili. Suruali zilizoshonwa na fundi makini huwa na akiba kwenye mshono wa nyuma, mara nyingi sentimita 4 au 5, na fundi anaweza kuitoa. Koti lina akiba ndogo kwenye mshono wa katikati ya mgongo. Kwenye mabega hakuna cha kufanya, na fundi anayekuahidi kupanua mabega ya koti lililokwisha kushonwa anakupotezea fedha na koti.

Koti likikataa, usihuzunike. Suruali nyeusi iliyopigwa pasi vizuri, shati jeupe la mikono mirefu na tai, hiyo ni nguo kamili ya baba wa ubatizo. Sheria ya Kanisa inataka msimamizi awe ametimiza miaka 16, awe Mkatoliki aliyepokea Ekaristi na Kipaimara na anayeishi imani yake. Suti haikutajwa, na wazee wetu wengi walisimamia watoto wakiwa na shati moja la Jumapili, na watoto hao leo ni watu wazima wenye imani.

Kaunda suti nayo ni chaguo zuri ninalolipenda kwa kazi hii, ile nguo iliyochukua jina lake kwa Rais Kenneth Kaunda wa Zambia. Haina tai ya kuning'inia usoni mwa mtoto, inapumua kuliko koti lenye bitana, na mabega yake yanacheza. Ila ya mikono mifupi ivae ukijua kwamba asubuhi ya Kibosho si asubuhi ya Dodoma. Kila ukipanda mita 1,000 joto hupungua kama nyuzi 6, na mvua za vuli huweza kufika mpaka Desemba. Mnaweza kuingia kanisani saa moja asubuhi na ukungu, mkatoka saa nne na jua la kuchoma. Kwa hiyo sote, wakubwa kwa wadogo, tuvae tabaka mbili: fulana au shati chini, koti au sweta juu la kuvuliwa.

Vitu vilivyo kifuani mwako navyo vikague. Toa kalamu kwenye mfuko wa shati, toa pini ya tai, toa ua la bandia lenye sindano, toa simu kwenye mfuko wa koti wa kushoto. Shavu la mtoto litalala hapo. Manukato usijipake siku hiyo, au jipake kidogo sana miguuni. Pua ya mtoto wa miezi saba iko sentimita chache kutoka shingoni mwako, na nimeona watoto wakipiga chafya na kulia mikononi mwa msimamizi mmoja, kisha wakatulia mara moja walipopokelewa na mwingine asiye na harufu.

Kuna mtindo mmoja ambao nitasema bila kuzunguka: lile joho pana la Kinigeria, agbada, ambalo vijana wetu wamelipenda. Ni vazi zuri la heshima. Kwa msimamizi anayeshika mshumaa, silishauri. Mikono yake ni mipana, inapita juu ya moto wa watu wengine bila mwenyewe kujua, na vitambaa vingi vinavyotumika vina nailoni au poliesta, ambayo ikishika moto huyeyuka na kugandamana na ngozi. Livae kwenye sherehe nyumbani, utapendeza. Nta ikidondokea koti lako usiifute kwa kidole. Iache igande, ikwangue kwa mgongo wa kijiko, kisha weka karatasi ya kaki isiyo na maandishi juu na chini na upitishe pasi ya moto kidogo, nta itahamia kwenye karatasi.

Mafuta ya krisma yakigusa nguo, hasa ile nyeupe ya mtoto, nyunyizia unga wa mahindi au poda mapema, uache uyanywe usiku kucha, ukung'ute, kisha paka sabuni ya maji ya kuoshea vyombo kabla ya kulowanisha. Ukianza na maji matupu, mafuta hayatoki.

Kuhusu kitenge sare. Mke wako ana wazo zuri, na nina njia ya kuwapatanisha, lakini kwanza piga simu kwa shemeji. Huenda wazazi wa mtoto wamekwisha kuchagua sare ya familia, na wewe ukija na nyingine utakuwa umewaanzishia kundi la pili mbele ya wageni. Kama hawana, muulize mama wa mtoto kuhusu rangi. Yeye ndiye mwenye neno la mwisho.

Njia yangu ni hii: kanisani suruali na shati, nyumbani kitenge. Sababu si ya urembo. Sherehe ni kwa babu, na nyumbani kwa babu Kibosho maana yake ni migombani. Utomvu wa mgomba ukigusa nguo nyeupe hauonekani sana siku hiyo. Baada ya siku moja mbili unakuwa kahawia, kisha unakaribia weusi, na hapo hakuna sabuni, hakuna limau, hakuna dawa ya duka itakayouondoa. Nimeletewa mashati mengi sana kila Januari na watu wa mjini wakiniomba nifanye chochote, nikawarudishia. Watoto watakimbia kwenye migomba, watang'oa majani ya kukalia, na wewe utaitwa kusaidia kukata majani ya kuwekea nyama. Ongeza mafuta ya ndafu, ule mbuzi mzima wa kuchoma, machalari ya ndizi na nyama, na mbege, pombe yetu ya ndizi, inayomwagika ikipitishwa mkono kwa mkono. Kitenge cha rangi nzito, chenye maua makubwa, kinavumilia hayo yote kwa amani. Badilisheni nguo mkifika, kabla ya kutoka nje, na lile shati jeupe liingie kwenye begi.

Kitenge kinauzwa yadi 6, na kipande kimoja kinawatosha ninyi watatu: shati lako la mikono mifupi lichukue yadi 2 na nusu, la mkubwa yadi moja na nusu, la mdogo yadi moja. Inabaki yadi moja, na hiyo ni ya fundi kulinganisha maua yasikatike vibaya kifuani. Msikubali kitenge kikatwe kikitoka dukani. Kilowekwe maji baridi mpaka wanga na rangi ya ziada vitoke, kianikwe kivulini, kipigwe pasi, ndipo mkasi uguse. Usipofanya hivyo shati la kijana litakuwa la mdogo wake baada ya kufuliwa mara mbili.

Mvulana wa miaka 11 ana jambo moja zito: hataki kuvalishwa kama mtoto. Msikilize. Suruali ndefu ya buluu au kijivu ya shule, ikiwa haijapauka magotini, ni suruali halali kabisa ya kanisani. Ipige pasi, mtafutie shati jeupe lisilo na nembo, mkanda na viatu vyeusi vilivyopakwa rangi, naye atasimama vizuri kuliko yule aliyekodishiwa suti inayomwelea. Ukimshonea suruali mpya, mwambie fundi aache upindo wa sentimita 5 ndani, maana umri huo unarefuka kila ukigeuka. Tai awe nayo akitaka mwenyewe. Na kama ana shati zuri la mitumba, kwenye soko la Memorial hapa Moshi nimeona mashati ya pamba ya watoto yaliyo bora kuliko mapya mengi, litumie bila wasiwasi. Libadilishie vifungo tu, seti mpya ya vifungo vinavyofanana hulifanya shati la zamani liwe jipya.

Mdogo wa miaka 4, lengo lako ni moja, aweze kukaa na kwenda chooni. Suruali ya pamba yenye lastiki kiunoni na shati laini la mikono mirefu. Koti dogo si lazima, sweta inatosha. Mikanda ya kupita mabegani inapendeza kwenye picha, lakini akibanwa haja katikati ya Misa utaifungua kwa mikono miwili huku mtoto wa shemeji yako analia mbele. Viatu viwe laini na awe amekwisha kuvivaa wiki moja kabla. Vile vinavyowaka taa na kulia kila anapokanyaga, tafadhali, viache Dodoma. Beba suruali ya pili na soksi za pili.

Viatu vyako mwenyewe viwe vya ngozi, vyeusi au kahawia, vyenye soli isiyoteleza. Sakafu ya kanisa kuzunguka kisima cha ubatizo huwa imelowa baada ya mtoto wa tano, na wewe umebeba mtoto. Soli mpya ya ngozi ikwaruze kidogo kwa msasa. Njia ya kwenda kwa babu ikiwa na tope, weka raba nyingine kwenye gari.

Baba yako mdogo aje na kanzu yake nyeupe na koti juu, na asijisikie mgeni. Kanzu ni vazi la heshima kwetu sote. Ukienda Uganda utakuta Wabaganda Wakristo, Waanglikana na Wakatoliki, wamevaa kanzu yenye nakshi kifuani na koti juu yake kanisani, harusini na kwenye ubatizo, na hakuna anayeshangaa. Kinachohitaji mazungumzo ni kofia. Kanisani wanaume huvua kofia, kwa kufuata mafundisho ya Paulo kwa Wakorintho, na kwa baba yako mdogo kofia yake ni sehemu ya heshima yake. Usiache jambo hilo likaamuliwa mlangoni na kijana anayepanga watu viti. Mwambie mwenyewe, mkiwa wawili, wiki kadhaa kabla, na umpe nafasi ya kuchagua: avue, au akae nje kidogo na wazee wengine wanaopunga upepo, au aje moja kwa moja nyumbani kwenye sherehe. Lolote atakalochagua lipokee kwa moyo mweupe. Na kwa kuwa umenitajia habari zake, muulize shemeji nani atachinja. Familia nyingi hapa humwomba Mwislamu achinje ili wageni wote wale sahani moja, na pengine heshima hiyo apewe yeye. Basi aje na nguo ya kuchinjia, ile kanzu isiguswe.

Baadhi yenu mtakaosoma jibu hili mnabatizwa au mnawabatizisha vijana wenu kwa kuzamishwa, kama Wasabato na Wapentekoste. Kwenu neno langu ni fupi. Kitambaa cheupe chepesi kikilowa kinaonyesha kila kitu, kwa hiyo joho liwe zito, na ndani kijana avae fulana na kaptula nyeupe au za rangi ya ngozi, si nyekundu wala buluu zinazochuja. Upindo wa chini ushonewe vipande vizito vya kitambaa ili joho lisielee juu ya maji. Taulo mbili na nguo kavu kamili, soksi mpaka chupi.

Ndugu yangu, mafundi wa Moshi mwezi wa Desemba tunazidiwa. Mimi mwenyewe nafunga oda tarehe 10, na wengi wanaopokea baada ya hapo wanakupa nguo yenye nyuzi zinazoning'inia. Mshonee mtoto huko huko Dodoma mwezi wa Novemba, na upate vipimo vyake vipya kwa simu siku mbili kabla ya fundi kukata, maana mtoto wa miezi mitano akifika saba si yule yule.

Kanzu ikiisha, kabla hujaifunga, mwombe fundi au mke wako atie uzi mweupe kwenye sindano na aandike kwa mkono, upande wa ndani wa upindo, jina la ubatizo la mtoto na tarehe. Ifuliwe kwa mkono baada ya sherehe, ikauke kabisa, ikunjwe kwenye kitambaa cha pamba wala si mfuko wa nailoni, ambao huigeuza ya njano. Mkabidhi mama yake. Yule wa kwanza niliyemsimamia alinitembelea mwaka jana kabla ya Komunyo ya kwanza ya mwanawe, akaileta ya kwake nimrekebishie mkono mmoja ili mtoto wake mchanga aivae. Uzi wa jina lake ulikuwa bado unasomeka.